Choo cha Bwana Dadu

Kitanda cha chumbani kwa Bwana Dadu kimekaa mshazari, kichwa kikitazama kabati na miguu ikitazama dirisha, kwa sababu miaka kumi na tisa iliyopita madadu mawili yalianguka tatu na tano, na hapo ndipo tatu na tano zilipokipeleka. Ili kufungua kabati, mkewe hupanda kitandani kwanza. Amepanda na kushuka miaka yote hiyo, hajazoea, ila ameacha kuuliza.

"Ukiolewa na mlevi, asubuhi pombe humtoka," huwaambia wateja wake. "Wangu mimi akilala ndipo anazidi."

Mke ni msusi. Saluni yake ni chumba kimoja kando ya soko, chenye viti viwili, kioo kimoja na redio isiyozimwa. Wateja humwita Mama Pacha. Mume ni mchora ramani katika ofisi ya ujenzi ya manispaa, mtu wa miaka hamsini na miwili, mwembamba, mwenye penseli mbili masikioni: ngumu upande wa kulia, laini upande wa kushoto. Nyumbani ni Baba Pacha. Ofisini, kuanzia kwa mhandisi mpaka kwa mlinzi wa getini, ni Dadu, na "Bwana" huongezwa pale tu mtu anapotaka kumwomba kitu.

Habari ya madadu ilianza na hao pacha. Mkewe alipopata mimba, yeye alifungua kitabu akakuta kwamba uwezekano wa mimba kuwa ya pacha ni kama moja katika themanini. Akatengeneza kitanda kimoja cha mtoto, akanunua beseni moja, akalala usingizi wa mtu aliyepiga hesabu. Walikuja wawili, wakipishana kwa dakika tisa. Mwingine angesema ni majaliwa, akaenda kununua beseni la pili. Yeye aliondoka hospitali na fundisho: moja katika themanini si sifuri, na huyo mmoja ana miguu, anaweza kuja kwako. Tangu siku ile hajachora kitu bila kuacha nafasi ya mgeni asiyealikwa. Pacha walipokua wakapoteza ubao wao wa ludo, baba aliokota madadu yaliyobaki, na mambo yakaharibika kabisa.

Njia yake ya kusanifu, ukimpa nafasi akueleze, na nakushauri usimpe, huanza kwa kuhesabu. Huenda mahali jengo litakapokaa akatazama watu wanapita wapi, wanasimama wapi, wanageukia upande gani, mpaka tabia yao igeuke kuwa sehemu: moja katika tatu, mbili katika tisa. Kisha huota. Haoti kwa kukusudia, lakini huweka daftari chini ya mto, na kila alfajiri huandika jengo alilotembelea usingizini kabla halijayeyuka, huku mkewe akivuta shuka juu ya kichwa. Palipobaki, pale ambapo hesabu imenyamaza na ndoto haijasema, hurusha madadu. Sheria ni moja tu: dadu likishaanguka halirudiwi. Na yote yakikamilika, maelezo ya ujenzi, yale ambayo wenzake huandika "saruji ndoo moja, mchanga ndoo sita", yeye huyaandika kwa ushairi wenye vina na mizani, kwa imani kwamba fundi husahau agizo lakini hasahau wimbo.

Kwa njia hiyo alikuwa amesanifu majengo arobaini na matatu. Kulikuwa na shule isiyo na pembe, kwa kuwa pembeni ndiko watoto wanakosimamishwa kuadhibiwa. Kulikuwa na benki yenye mlango mmoja wa kuingilia na tisa ya kutokea. Yote arobaini na matatu yalikuwa ndani ya madaftari manne ya shule, ndani ya lile kabati lisilofikika. Ardhini hakukuwa na hata moja.

Kazi yake ya mshahara ilikuwa nyingine. Ofisi ya ujenzi ina Ramani za Kawaida, zilizochapwa zamani na mtu ambaye hakuna anayemkumbuka: Namba Moja ni darasa, Namba Mbili ni zahanati, Namba Tatu ni kibanda cha mlinzi, Namba Nne ni choo cha umma. Kwa miaka ishirini na sita Dadu alikuwa akitoa nakala, akibadilisha jina la mtaa kwenye kona ya chini, na kupeleka kwa mhandisi kutia saini. Namba Nne peke yake alikuwa ameinakili mara thelathini na moja. Milango sita ya wanaume, milango sita ya wanawake, ukuta katikati. Angeweza kuichora akiwa amefumba macho, na kuna alasiri alizofanya hivyo.

Kisha choo cha soko kikazama. Hakikuanguka. Kilizama, taratibu, kwa adabu, upande wa wanaume ukitangulia, mpaka ikabaki milango minne tu inayofunguka, miwili kila upande. Manispaa ikaamua kijengwe kipya. Mhandisi wakati huo alikuwa na daraja mkononi, na daraja lina utepe, lina mkasi, lina picha. Hakuna anayetaka kupigwa picha na choo.

"Dadu, shika hii," alisema, akiweka faili juu ya meza ya kuchorea. "Namba Nne. Badilisha jina, niletee."

"Mhandisi, umewahi kusimama pale sokoni ukaangalia foleni ya wanawake?"

"Nisimame nje ya choo cha wanawake? Unataka nifukuzwe kazi?"

"Ni foleni ya ajabu."

"Choo ni choo, bwana. Mtu anaingia, anatoka. Usinitafutie falsafa humo."

Dadu alichukua faili. Alijua kitu ambacho mhandisi hakukijua: jengo lisilotakiwa na mtu ndilo jengo pekee analoweza kupewa mtu kama yeye. Hekalu hangepewa. Benki yenye milango tisa ya kutokea hangepewa mpaka kiama. Kama kati ya majengo arobaini na manne kulikuwa na moja lenye nafasi ya kusimama ardhini kabla hajastaafu, ni hili, na kama halikupita, kisingepatikana choo kingine cha kuzama kwa wakati.

Kwa hiyo alikwenda kuhesabu. Aliazima meza ndogo kwa fundi viatu, akaweka kiti hatua kumi kutoka mlango wa choo cha zamani, akafungua daftari jipya, akakaa siku kumi na moja, tangu saa moja asubuhi mpaka saa kumi jioni. Aliandika kila anayefika, kila anayeingia, kila anayetoka, na dakika zilizopita katikati. Wanaume walisubiri dakika tatu. Wanawake walisubiri dakika kumi na nne, na ndani walikaa nne. Wanawake mia mbili na kumi na wawili kwa siku. Uwezekano wa mwanamke kufika akakuta mlango uko wazi: moja katika tisa.

Kilichomgusa zaidi ni wema wao. Kila foleni ilipopita mbele ya meza yake, wanawake walimsalimu, wakamwambia ni akina nani, bila kuulizwa. "Mimi wa nyanya, meza ya pili mlango wa mbele." "Mimi wa ndoo, meza ya tatu kutoka bombani." Wengine walirudi siku ya pili kumkumbusha. Dadu aliandika pembeni ya hesabu kwamba mwanamke akiwa katika dhiki ya haja hutamani kujulikana, akaona ni jambo zito, akayanakili maneno yao katika daftari la ndoto, mstari kwa mstari, kwa sababu yalikuwa na mapigo mazuri.

Usiku wa siku ya kumi na moja aliota choo. Paa lake lilikuwa limeinuka kidogo juu ya kuta, kama mtu aliyeinua kofia kusalimu wapita njia, na harufu ilikuwa ikitoka kupitia hapo na kwenda zake. Katikati kulikuwa na ua wa duara wenye benchi. Kuta zilikuwa na matundu kama anga. Asubuhi alichora ua, akachora paa, na kwa kuwa ndoto haikusema matundu yawe wapi, aligawa ukuta mrefu katika miraba thelathini na sita kwa thelathini na sita, akaanza kurusha madadu. Kila mraba mrusho mmoja. Ikija saba, tundu. Alirusha mara elfu moja mia mbili tisini na sita juu ya meza ya jikoni, mke akiwa anamenya viazi upande wa pili.

"Kihesabu yanapaswa kuwa matundu mia mbili na kumi na sita," alitangaza siku ya tatu. "Nimepata mia mbili na matatu."

"Kumi na matatu yamekwenda wapi?"

"Hayajaenda popote. Hayakuja."

"Basi rusha mengine uyajazie, tule."

"Dadu halirudiwi, Mama Pacha."

"Toa mkono kwenye sufuria yangu, Baba Pacha."

Ramani ilipokamilika ilikuwa na milango kumi na minne ya wanawake na minne ya wanaume, na kwenye kona ya chini, mahali pa maelezo ya ujenzi, palikuwa na ubeti:

Ewe mwashi mwenye mwiko, usizibe ukutani,
Toboa matundu yako, nuru ishuke shimoni,
Mama mwenye haja huko, asizeeke foleni,
Atoke ana kicheko, kama mtu wa peponi.

Mhandisi aliitazama ramani kwa muda mrefu. Alitafuta pa kukosoa kihandisi, hakupata, na hilo lilimuudhi. Alisema hatatia saini, lakini hataichana. Iende kwenye kamati ya ujenzi, na kamati ikiicheka, yeye asihusishwe.

Kamati ilipangwa kukaa siku ya Jumanne, saa nne asubuhi. Saa mbili Dadu alipitia saluni, amevaa shati jeupe, ramani imeviringishwa kwapani, ili mkewe amkague kola. Kwenye kiti cha kwanza kulikuwa na mteja aliyesukwa nusu ya kichwa, nusu nyingine imesimama wima. Alimwona Dadu kwenye kioo, akageuka ghafla hata Mama Pacha akabaki na msuko mkononi.

"Huyu si yule baba wa majina?"

"Majina gani?" akauliza Dadu.

"Ya wanaogawiwa vibanda vipya! Jamani, mimi wa ndoo. Meza ya tatu kutoka bombani. Nilijiandikisha kwako mara mbili. Yametoka?"

Redio iliendelea kutangaza bei za mafuta ya taa. Dadu alijikuta amekaa kwenye kiti cha pili.

"Mama," alisema polepole, "ulikuwa kwenye foleni ya choo."

"Foleni ya choo wapi! Nilikuwa kwenye foleni yako. Mtu wa manispaa ameweka meza, ameweka daftari, anaangalia saa, anaandika. Wewe ungefikiri anaandika nini? Anaandika wanaokojoa?"

Mama Pacha alikuwa tayari ameweka kitana chini.

"Na mlikuwa wangapi?" Dadu aliuliza.

"Nusu ya soko. Wengine tuliwaita sisi."

"Lakini mliingia. Niliona kwa macho yangu. Mliingia chooni, mkatoka."

"Sasa usimame kwenye foleni nusu saa, ufike mlangoni, halafu urudi hivi hivi? Watu watasema nini? Unaingia tu, unakaa kidogo, unatoka."

Hapo Mama Pacha alicheka mpaka akashika ukuta. Alicheka kwa awamu: akinyamaza, akamwangalia mumewe na penseli zake mbili, akaanza upya. Mwisho alijifuta macho kwa taulo ya mteja, akaona kwamba mwenzake hajacheka hata kidogo, na uso wake umekuwa kama wa mtu aliyeambiwa kwamba mtoto si wake.

"Baba Pacha. Utawaambia?"

"Foleni niliyoihesabu nimeitengeneza mimi."

"Nimekuuliza, utawaambia?"

"Moja katika tisa si kweli. Labda ni moja katika nne. Labda moja katika tatu. Sijui."

"Basi usijue kimyakimya. Watu wamesimamisha maghorofa kwa uongo mkubwa kuliko huo, na wanapangisha." Alimnyoosha kola, akampiga kofi dogo begani. "Nenda. Nani atakayegundua?"

Njiani Dadu alipiga hesabu ya hilo pia. Uwezekano wa mjumbe yeyote kugundua ulikuwa kama moja katika mia sita. Aliikumbuka moja katika themanini, akatembea polepole zaidi.

Chumba cha kamati kina meza ndefu, viti vinavyolia, na feni moja inayozunguka bila kumpepea mtu. Mwenyekiti ni mwalimu mkuu mstaafu ambaye bado anatembea na kalamu nyekundu. Husahihisha hata barua za mialiko ya harusi anazoletewa. Wajumbe wenye kura walikuwa wengine watano, mmoja wao akiitwa Naunga Mkono, kwa kuwa katika miaka minane hajasema neno jingine. Mhandisi alikaa karibu na mlango. Mwishoni mwa meza, mahali pa wasio na kura, alikaa mwakilishi wa wachuuzi wa soko, mwanamke mnene, mtulivu, aliyeuza vitunguu kwenye meza moja kwa miaka ishirini na mbili. Jina lake kikaoni na nje ya kikao ni Mama Vitunguu.

Mwenyekiti alivaa miwani akausoma ubeti kwa sauti ya darasani. Wajumbe walianza kutikisika mabega.

"Nuru ishuke shimoni," alirudia. "Bwana Dadu, shimoni kuna nini cha kuonekana?"

"Hakuna, Mwenyekiti. Ni kina."

"Kina cha shimo au kina cha shairi?"

"Cha shairi."

Chumba kikaangua kicheko. Mhandisi alitazama viatu vyake. Lakini Mwenyekiti alikuwa bado anasoma, akihamia kwenye jedwali la hesabu, na kicheko kikapungua chenyewe, kwa sababu watu huheshimu jedwali. Siku kumi na moja. Wanawake mia mbili na kumi na wawili. Moja katika tisa.

"Hapa sasa ndugu zangu kuna kazi," alisema Mwenyekiti. "Hapa mtu amekaa juani. Nina mpango wa kuiandikia miji mingine hii moja katika tisa waitumie, kila wanapojenga choo. Iwe kipimo."

"Naunga mkono," alisema Naunga Mkono.

Ushindi ulikuwa mezani, umeviringishwa kama ramani. Dadu angeweza kuinama, kusema ahsante, na kwenda kunywa chai. Lakini aliiona ile moja katika tisa ikipanda basi, ikisafiri mji hadi mji, ikigeuka kuwa Ramani ya Kawaida Namba Tano, na mchora ramani fulani akiinakili mara thelathini na moja akiwa amefumba macho.

"Msiandike," alisema. Akasimama. "Hesabu hiyo nusu yake ni uongo. Wanawake walidhani naandikisha vibanda. Foleni ilikuwa yangu."

Ilichukua muda kueleweka. Ilipoeleweka, mjumbe mmoja alilazimika kutoka nje kucheka. Mwenyekiti hakucheka. Alivua miwani, akachukua kalamu nyekundu, na Dadu akaiangalia ncha ya kalamu ile ikishuka kuelekea ukuta wake wenye matundu mia mbili na matatu.

"Basi tunarudi Namba Nne. Sita kwa sita."

"Naunga mkono," alisema Naunga Mkono.

"Mwenyekiti, naomba kuuliza kitu," alisema Mama Vitunguu.

"Mama, uamuzi umeshapita."

"Sina kura, nina mdomo tu. Bwana Dadu, mwanangu, siku kumi na moja ulizokaa pale, mimi uliniona mara ngapi?"

Dadu alifikiri. Sura yake aliijua kutoka kwenye meza ya vitunguu. Penye foleni hakuikumbuka. "Sikukuona, mama."

"Hukuniona kwa sababu sikwenda. Foleni imezunguka mpaka kwa fundi viatu, niende wapi? Mimi nikitoka nyumbani asubuhi sinywi maji. Chai sinywi. Nakunywa jioni nikirudi. Safu yangu tuko tisa, na watano tunafanya hivyo, tangu kile choo hakijazama. Sasa umewaandika waliokuja bila haja. Waliokuwa na haja wasije, umewaandika wapi?"

Hakuna aliyecheka. Mjumbe aliyekuwa nje alirudi, akakuta kimya, akafikiri ameitwa.

Dadu alikwishatoa penseli laini sikioni. Aliandika nyuma ya ajenda ya mkutano. Waliozidi walikuwa labda nusu. Waliokosekana, watano katika tisa, kama safu nyingine zilifanana na ile. Kosa moja lilivuta juu, jingine lilivuta chini, na yeye alikuwa amesimama katikati, hajui lipi lina nguvu. Aliandika, akafuta, akaandika.

"Milango ya wanawake ni kati ya saba na kumi na saba," alisema hatimaye. "Zaidi ya hapo nitakuwa nawadanganya tena."

"Kati ya!" Mhandisi alishindwa kuvumilia. "Manispaa inajenga 'kati ya' kwa tofali gani?"

Mwenyekiti alirudisha jambo kwenye kura. Wawili walitaka Namba Nne. Wawili walisema baada ya kusikia habari ya maji hawawezi kurudi nyumbani wakawaangalia wake zao. Naunga Mkono aliunga mkono pande zote mbili. Saa sita ilikuwa inakaribia, feni ilikuwa inazunguka, na tumbo la mtu fulani lilisikika. Mwenyekiti alimtazama Dadu kwa macho ya mwalimu aliyechoka kusahihisha.

"Hayo madadu yako unayo?"

"Yako mfukoni, Mwenyekiti."

"Mawili yanatoa ngapi mpaka ngapi?"

"Mbili mpaka kumi na mbili." Sauti ya Dadu ikabadilika. "Ukiongeza tano, saba mpaka kumi na saba."

"Mlango ufungwe," alisema Mwenyekiti.

Walimpa Mama Vitunguu arushe, kwa hoja kwamba asiye na kura ndiye asiye na upande. Aliyachukua, akayapima kiganjani kama anavyopima vitunguu, akayaachia juu ya meza ndefu. Moja lilisimama kwenye nne. Jingine lilikwenda mbali, likagonga glasi ya maji ya Mwenyekiti, likalala kwenye mbili.

"Limegonga glasi," alisema mhandisi. "Lirushwe tena."

"Dadu halirudiwi," walisema kwa pamoja Dadu na, kwa mshangao wa kila mtu, Naunga Mkono.

Sita na tano, kumi na moja. Kumbukumbu za mkutano zinasema: "Baada ya tathmini ya kina ya kitaalamu, kamati imeridhia milango kumi na mmoja ya wanawake na minne ya wanaume." Kuhusu ubeti, Mwenyekiti aliinua kalamu nyekundu, akahesabu mizani kwa vidole, mstari baada ya mstari, akishuka mpaka peponi, kisha akaifunga kalamu. Ilikuwa imetimia. Hakuwa na cha kusahihisha.

Ujenzi ulichukua miezi minane. Mwashi, mzee mwenye kifua cha vumbi, alilalamika kila siku kuhusu matundu. Alitaka kujua kwa nini hapa yako matatu pamoja na pale hakuna hata moja, na alipojibiwa kwamba ndivyo yalivyoanguka, alimuuliza Dadu kama ana ndugu wa kumsimamia. Lakini ubeti aliushika. Vibarua walipokosea, aliwaimbia mstari wa pili, na watu wa soko wakajua wimbo wa choo kabla hawajakiona choo.

Siku kilipofunguliwa hapakuwa na utepe. Mhandisi alituma salamu kutoka darajani. Dadu alikwenda sokoni saa tatu asubuhi, akakaa kwenye kigoda cha fundi viatu, bila meza na bila daftari. Mfuko wa kushoto ulikuwa na vifungo vya shati. Kila mwanamke akiingia, alihamisha kifungo kimoja mfuko wa kulia. Mkewe alikuwa amemwonya: akitoa daftari tu, atamnyoa kipara palepale mbele ya soko.

Kwa nusu saa mambo yalikwenda kama jedwali. Wanawake walifika, wakakuta mlango wazi, wakaingia. Hakuna aliyesimama. Dadu aliangalia mahali palipokuwa na foleni, pakiwa patupu, pameshafagiliwa. Alijifanya anatazama viatu.

Mama Pacha alitoka saluni akaingia. Dadu alihamisha kifungo, akatazama saa. Dakika nne zilipita, hesabu yake. Zikawa sita. Zikawa tisa. Aliinuka. Akamwona mkewe anatoka, anatembea kama mtu aliyeamka.

"Kuna tatizo?"

"Hakuna."

"Mbona umekaa hivyo?"

"Nilikuwa natazama."

"Unatazama nini chooni, Mama Pacha?"

"Yale matundu yako. Jua linaingia vipande vipande, linatembea ukutani polepole. Kuna kimoja kilikuwa kinaelekea kwenye ndoo. Nikasema ngoja nikione kinafika." Akakung'uta gauni lisilo na vumbi. "Kile kitanda bado sijakusamehe."

 Dadu alikuwa anatazama nyuma ya bega la mkewe, ndani ya ua. Milango yote kumi na mmoja ilikuwa imefungwa, na hakuna aliyekuwa akitoka. Wanawake watatu walikuwa wamesimama uani. Wakawa watano. Zile dakika nne alizipima kwenye choo cha zamani, gizani, penye harufu, ambapo kila mtu alibana pumzi na kukimbia. Katika kurasa zote zile, katika siku zote kumi na moja, hakuweka popote uwezekano kwamba mtu atapenda kubaki.

Mkono ulianza kupanda kuelekea penseli.

"Jaribu," alisema mkewe. "Wembe uko hapa mfukoni."

Mkono ukashuka. Foleni ilikuwa imefika saba, na wa mbele, yule muuza ndoo, aligonga mlango wa sita kwa ngumi.

"We Mama Vitunguu! Umehamia humo?"

Sauti ikajibu kutoka ndani, bila haraka yoyote:

"Leo nimekunywa maji. Nendeni mkanywe na nyinyi."